KINYONGA SI MCHAWI, WALA SI FEZA



Katika toleo hili hatutaki kusema juu ya mechi ya mpira, wala juu ya maharagi ya internati, hata kama wengi wametuomba tuseme. Tunataka kusema juu ya nyama mmoja mudogo, anayetembea polepole kupita mzee mwenye fimbo, na ambaye toka mwanzo wa trimestri hii ameleta ugomvi mkubwa hapa shuleni. Ni kinyonga, ao kameleo kama wengine wanavyomwita. Tunajua kuna watakaosema: “Doyen amekosa kazi, sasa anaandika juu ya kameleo!” Waseme. Wakimaliza kucheka, wasome mpaka mwisho, kwani tutawaeleza mambo matatu yaliyotokea mbele ya macho yetu, na katika hayo matatu sisi wenyewe hatukosi lawama.

Jambo la kwanza. Jumamosi moja ya salongo tulipewa kazi ya kufyeka uzio wa miti ulio nyuma ya kanisa. Sisi tunaoandika njo tuliopanga wadogo wa mwaka wa kwanza katika mistari, kila mmoja na coupe-coupe yake. Kazi ilipofika katikati, mtoto mmoja akapiga kelele: “Ba grands, mukuye muone! Iko nyama ya bulozi!” Kinyonga alikuwa juu ya tawi lililokatwa, ameshika kwa miguu yote minne. Hakukimbia, maana hajui kukimbia. Alifungua kinywa, akajaza tumbo hewa, akageuka mweusi. Wadogo waliona weusi ule kuwa hasira ya shetani, na mawe yakaanza kuruka. Hatukuwazuia. Tulicheka. Jiwe moja lilipopasua tumbo, tukaona watoto tisa ndani, wamekwisha kuumbika, wana miguu na mikia iliyojikunja. Kelele zote zikanyamaza. Mtoto aliyepiga jiwe lile alianza kulia, na sisi wakubwa hatukujua tumuambie nini, kwa sababu kicheko chetu kilikuwa bado katika masikio yake.

Jambo la pili. Nyuma ya siku ile, sisi wa bio-chimie tulisema: “Wale wa mwaka wa kwanza ni wajinga, sisi tutaonyesha namna ya kuchunga kinyonga.” Tukatafuta wanne, tukawatia katika sanduku la kioo lililokuwa la samaki zamani, tukaliweka dirishani mwa labo. Mmoja alikufa siku ya pili saa sita mchana, juu ya jua lililopita katika kioo na kufanya sanduku kuwa kama tanuru. Wa pili alikauka akiwa na bakuli la maji mbele yake, juu hatukujua kwamba kinyonga hatambui maji yaliyotulia. Wa tatu alikuwa dume aliyefungwa pamoja na dume mwenzake. Hawakupigana sana, lakini kuonana tu usiku na mchana kulimnyima hamu ya kula, akakonda mpaka mifupa ya mgongo ikaonekana. Wa nne tulimrudisha katika miti, na hatujui kama aliishi. Basi, mwaka wa kwanza waliua mmoja kwa mawe. Sisi wenye akili tuliua watatu kwa upendo.

Jambo la tatu. Mtu mmoja mwenye pikipiki alikuja mlangoni pa shule, akasema ananunua kinyonga wa kila namna, na kwa kichwa kimoja anatoa feza ya kutosha daftari mbili. Alisema wanapelekwa mbali, kwa Wazungu wanaopenda kuwafuga nyumbani. Wenzetu wawili, ambao walikuwa wamefukuzwa mara mbili juu ya minervali, waliingia katika miti usiku na tochi, wakakamata saba, wakawatia katika mufuko wa mchele. Mpaka mangaribi ya kesho yake wawili walikuwa wamekufa kwa kukanyagana. Mnunuzi hakurudi siku ile. Wale watano waliobaki walirudishwa, na tangu pale shule imegawanyika: wengine wanasema wale wawili wafukuzwe kabisa, wengine wanasema waachwe watafute feza yao.

Hayo njo mambo. Sasa tutoe mawazo yetu.

KINYONGA NI MCHAWI?

Wazee wetu katika makabila mengi wanasimulia kwamba Mungu alimtuma kinyonga kupeleka kwa watu habari ya uzima usio na mwisho, lakini njiani alichelewa, mjusi akamtangulia na habari ya kifo. Njo maana watu wengi wanamchukia mpaka leo. Hatudharau hadithi za wazee. Lakini hata katika hadithi ile, kosa la kinyonga ni kuchelewa, si kuloga. Kama kuchelewa kungekuwa sababu ya kupigwa mawe, ni wangapi kati yetu wangebaki wazima nyuma ya kengele ya asubuhi?

Wengine wanashika Biblia. Ni kweli, katika Mambo ya Walawi sura ya 11, tafsiri ya Kifaransa ya Louis Segond inamtaja kameleo kati ya wanyama wasio safi. Lakini someni vizuri sura yote. Pale Waisraeli wanakatazwa kula, na kugusa mizoga. Hakuna mahali wanapoamriwa kumtafuta yule nyama katika miti yake na kumpasua tumbo. Na kama tunashika sura hiyo kwa nguvu, basi tukumbuke pia kwamba sungura na nguruwe wako ndani yake, na hatujaona mwanafunzi akikataa nguruwe siku ya sikukuu.

Sasa ile rangi. Watu wanasema anageuka rangi ili adanganye, na tena tunamwita kigeugeu mtu asiye na msimamo. Mwalimu wetu wa bioloji alitueleza vingine. Kinyonga hageuki kuwa sawa na kila kitu anachokanyaga. Ukimweka juu ya kitambaa chekundu, hatakuwa mwekundu juu ya kitambaa. Anageuka zaidi juu ya joto na baridi, juu ya woga, juu ya hasira, na ili kusema na wenzake: dume kwa dume, dume kwa jike. Asubuhi ya baridi anakuwa mweusi mweusi ili ngozi inywe jua upesi. Mwaka 2015 wataalamu wa Geneva, katika nchi ya Uswisi, walionyesha juu ya kinyonga wa Madagaska kwamba ndani ya ngozi kuna chembe zenye fuwele ndogo sana, na kinyonga anapozisogeza karibu ao mbali, mwanga unarudi na rangi ingine. Kwa hiyo rangi yake ni kama uso wa mtu. Uso wako ukibadilika kwa woga, hatusemi wewe ni mlozi. Yule wa salongo aligeuka mweusi kwa sababu alikuwa anakufa na alikuwa anajua.

Hana sumu. Hana jino la kumtoboa mtu mpaka apate madhara. Kazi yake ni kukamata nzi na mapanzi kwa ulimi ambao kwa aina nyingi unapita urefu wa mwili wake. Macho yake kila moja linatazama upande wake, na miguu yake ina vidole vilivyoungana viwili upande mmoja na vitatu upande mwingine, sawa koleo. Nyama kama huyu mtu anapashwa kumtazama, si kumrushia mawe.

TUNAO WENGI, NA HATUWAJUI

Duniani kuna aina zaidi ya 200 za kinyonga, na karibu nusu yao ziko Madagaska. Lakini milima yetu ya mashariki mwa Congo nayo ina utajiri wake, na aibu ni kwamba Mzungu wa mbali anajua majina yao kuliko mtoto wa Kivu.

Yule tuliyemuua nyuma ya kanisa, kwa jinsi mwalimu alivyomchunguza, alikuwa Trioceros ellioti. Ni mudogo, hana pembe, ana mistari pembeni, na anapenda kuishi katika nyua za miti, bustani na majani marefu karibu na watu. Yeye hatagi mayai inje, anazaa watoto wazima. Njo maana tuliona wale tisa.

Juu zaidi, katika milima ya baridi, kuna Trioceros johnstoni. Dume lake lina pembe tatu usoni, jike hana. Huyu anataga mayai katika udongo. Jina lake lilitolewa mwaka 1901 kwa heshima ya Mwingereza Harry Johnston, yule yule ambaye jina lake liko katika jina la okapi wa Ituri, Okapia johnstoni, mwaka ule ule.

Ndani ya msitu kuna Kinyongia adolfifriderici, mwembamba, wa kijani, asiye na fujo. Chini kabisa, karibu na majani makavu, kuna Rhampholeon boulengeri, mudogo kama kidole, ambaye ukimuona utafikiri ni jani lililokauka. Na katika nchi za joto kuna Chamaeleo dilepis, mwenye ngozi mbili kichwani kama masikio ya tembo, anayetaga mayai makumi kwa mara moja. Mwenzetu mmoja alimleta mwaka jana kutoka upande wa Uvira, na hapa kwetu kwenye baridi hakumaliza wiki mbili.

Tena tusikie vizuri jina hili: Kinyongia. Ni neno letu la Kiswahili, kinyonga, ambalo wataalamu walilichukua mwaka 2006 na kulifanya jina la jamii nzima ya kinyonga wa misitu ya milima. Lugha yetu imeingia katika vitabu vya sayansi vya dunia nzima kwa njia ya nyama ambaye sisi tunampiga mawe.

Na kazi haijaisha. Mwaka 2012 kinyonga mpya wa uwanda wa Lendu, katika Ituri, alipewa jina Kinyongia gyrolepis, na kati ya walioandika habari yake alikuwemo Mkongomani, Chifundera Kusamba, wa kituo cha utafiti cha Lwiro. Mwaka 2015 wengine wawili kutoka mlima mmoja wa kusini-mashariki mwa nchi yetu waliandikwa: Kinyongia mulyai na Rhampholeon hattinghi. Mwanzo sura ya 2 inasema kwamba Adamu alipewa kazi ya kuwapa wanyama majina. Tunaona kazi ile inaendelea mpaka leo, na inaendelea katika milima yetu. Finalisti wa bio-chimie anayejiuliza atafanya nini nyuma ya Egzetat, afikirie hilo pia.

NAMNA YA KUMCHUNGA, KAMA NI LAZIMA

Nyuma ya aibu ya sanduku la kioo, tuliuliza mwalimu, tukasoma, tukajenga kizimba kingine. Sasa kiko chini ya muti wa avoka karibu na labo, na kinyonga mmoja ameishi ndani yake wiki nane bila kukonda, kisha tukamrudisha pahali pale pale tulipomtoa. Tunaandika hapa tulivyofanya, ili asiye na subira ya kufanya hivi asimguse kinyonga hata kidogo.

Kwanza, hewa. Kioo hapana. Plastiki hapana. Tulifanya mbao nne ndefu, kizimba kirefu kupita kifua cha mtu, maana kinyonga anapenda kupanda juu, si kutembea chini. Pande zote tulizifunga kwa wavu mwembamba wa chuma. Mmoja alileta chandarua ya mbu. Tulikataa kwa sababu mbili: chandarua ile ina dawa ya kuua wadudu, na tena ni ya mtu kulalia, si ya kameleo.

Pili, mimea. Hapa njo siri yote. Kizimba kisicho na mimea hai ni gereza. Tulipanda hibiskusi moja katika ndoo iliyotobolewa chini, na marakuja katika bidon iliyokatwa, ikapanda mpaka juu ya wavu. Tulitia matawi membamba, ya unene ambao mguu wake unaweza kukumbatia, mengine yamelala, mengine yamesimama. Minyaa hatukutia, juu ya maziwa yake yanayoumiza macho. Majani yanafanya kazi tatu: yanamficha, na kinyonga aliyefichika hana woga, yanashika maji, yanaleta kivuli na ubaridi. Mwanzoni wadogo walinung'unika kwamba hawamuoni. Tuliwajibu: kama unamuona kila saa, kizimba chako ni kibaya.

Tatu, maji. Kinyonga anakunywa matone yaliyo juu ya majani, kama umande na mvua. Tulichukua bidon, tukatoboa tundu kwa sindano, tukaitundika juu: inadondosha tone moja moja juu ya jani la hibiskusi. Asubuhi na mangaribi tunanyunyiza majani yote. Mara ya kwanza alipokunywa, alikaa karibu robo ya saa anaramba tone nyuma ya tone, na wanafunzi ishirini walisimama kimya kupita katika ibada.

Ine, jua. Anahitaji jua lenyewe, si jua la kupita katika kioo, kwa sababu kioo kinazuia ile mionzi inayosaidia mwili kufanya vitamini D, na pasipo hiyo mifupa inalegea. Lakini anahitaji pia kivuli cha kukimbilia. Kwa hiyo tulichagua pahali panapopata jua la asubuhi na kivuli cha mchana. Kinyonga wa milima anataka usiku wa baridi. Asiletwe ndani ya klasi ya mabati.

Tano, chakula. Wadudu wazima na wanaotembea: mapanzi, nyenje, nzi, vipepeo vya usiku. Si wali, si mkate, si foufou. Wadudu wasitoke katika shamba lililopulizwa dawa.

Sita, peke yake. Kizimba kimoja, kinyonga mmoja. Na kama ni jike wa kutaga mayai, lazima apate chini udongo wa majimaji, wa kina cha kuchimba, maana jike asiyepata pa kutaga anaweza kufa na mayai tumboni.

Saba, siafu. Hili hakuna kitabu kilichotuambia, tulifundishwa na muzee mlinzi wa shule. Miguu ya kizimba iko ndani ya mikebe ya maji. Siafu wakiingia usiku, aliyefungwa hana pa kukimbilia.

Nane, mikono. Hapana kumshika shika. Kinyonga aliyeshikwa kila siku anageuka mweusi, anaacha kula. Na akifunga macho mchana, mujue ni mgonjwa.

Ukiisha kusoma hayo manane, utaona jambo moja: tulitumia mbao, wavu, ndoo, jasho la watu kumi na mbili, ili kumpa kinyonga mmoja robo tu ya kile ambacho uzio wa miti nyuma ya kanisa ulikuwa unawapa kinyonga wengi bure. Matone ya mvua, majani, jua, kivuli, wadudu, udongo, vyote vilikuwepo. Kizimba bora kupita vyote ni uzio ule, na sisi tuliufyeka Jumamosi moja kwa coupe-coupe.

JUU YA FEZA

Tunakuja kwa wenzetu wawili. Ni rahisi mtu aliyelipiwa minervali na baba yake kusema: “Wafukuzwe.” Sisi hatusemi hivyo. Tumekaa nao, tumepiga hesabu pamoja. Kwa bei ya yule mnunuzi, mmoja angehitaji kinyonga zaidi ya mia moja ili kumaliza minervali ya trimestri moja tu. Katika miti yetu yote hatujawahi kuhesabu hata ishirini. Maana yake wangemaliza uzio wote, na deni lingekuwa bado linawangoja kwa ekonomi. Aliyetajirika angekuwa mwenye pikipiki na wakubwa wake.

Tena kuna sheria. Nchi yetu iliingia mwaka 1976 katika mapatano ya mataifa yanayoitwa CITES, juu ya biashara ya wanyama na mimea ya porini. Toka mwaka 1977 kinyonga wa Chamaeleo na jamaa zake wamo katika Kiambatisho cha II, na toka 2017 wale wadogo wa Rhampholeon nao wameongezwa. Kuwapeleka inje ya nchi pasipo kibali ni kosa. Na sisi tuna sheria yetu namba 14/003 ya tarehe 11 Februari 2014 juu ya kulinda viumbe. Yule mnunuzi hakutuonyesha karatasi hata moja. Siku atakapokamatwa, yeye atakimbia na pikipiki, na atakayebaki na mufuko mkononi ni mwanafunzi.

Lakini kusema “hapana” kwa mwenye njaa, bila kumpa njia, si ukristo. Kwa hiyo tunaona shule nzima ina deni kwa wale wawili, si wao tu wana deni kwa shule.

TUNAOMBA NINI

Kwa heshima yote mbele ya Bwana Prefe, Direkta wa masomo, Direkta wa nidhamu na walimu wetu wote, sisi tunatoa maombi haya:

1. Uzio wa nyuma ya kanisa upandwe tena. Kila klasi ilete miche ya hibiskusi na miti mingine, na kazi ifanyike katika salongo tatu zinazokuja. Kuanzia pale, kufyeka kufanyike kwa zamu, upande mmoja trimestri hii, upande wa pili trimestri ingine, na majani yasichomwe moto.

2. Kizimba kibaki kimoja tu, cha masomo. Kinyonga mmoja kwa wakati mmoja, wa hapa hapa, si wa kuletwa kutoka mbali, kwa wiki nane, kisha arudishwe alipotoka. Daftari iwekwe pale, na kila siku aandikwe alikula nini, alikunywa saa ngapi, rangi yake ilikuwaje. Klasi ikikosa kuandika siku tatu, kinyonga aachiliwe na kizimba kifungwe.

3. Mtu yeyote anayekuja mlangoni kununua wanyama, mlinzi asimruhusu kusema na wanafunzi.

4. Kipande cha shamba la shule kilicho karibu na mto, ambacho hakilimwi, kipewe komite ya wanafunzi. Tutalima sombe na shu, tutawauzia internati, na feza itasaidia wale wanaofukuzwa juu ya minervali. Tunajua haitatosha wote. Itatosha mmoja ao wawili, na wawili njo hesabu tuliyo nayo leo.

5. Wenzetu wale wawili wasifukuzwe. Wapewe kazi ya kuchunga kizimba, maana wao njo wanaojua kinyonga analala wapi usiku kupita sisi wote.

Kuna watakaotuuliza: “Doyen, watu wanakufa katika nchi hii, barabara hazipitiki, na ninyi munalilia kameleo?” Swali hili ni zito, hatulikimbii. Tunajibu hivi. Siku ile ya salongo hatukujifunza kitu juu ya kinyonga peke yake. Tulijifunza jinsi gani kundi la watoto wazuri, waliotoka katika ibada ya asubuhi, wanaweza kuokota mawe kwa sababu mmoja tu amesema neno “bulozi”. Tulijifunza jinsi gani mkubwa aliyepewa madaraka anaweza kusimama pale na kucheka. Leo ni kameleo. Kesho neno lile lile litasemwa juu ya bibi mzee asiye na watoto, ao juu ya mtoto yatima katika mtaa, na mikono itakuwa imekwisha kuzoea jiwe. Anayejifunza kuuliza kwanza “huyu ni nani, anaishije?” mbele ya nyama mudogo, huenda atauliza vile vile mbele ya mtu.

Sisi mafinalisti tunaondoka mwaka huu. Miche itakayopandwa hatutaiona ikiwa uzio. Tunaiacha kwa wadogo zetu, na zaidi ya wote kwa yule mtoto wa mwaka wa kwanza aliyelia. Sasa yeye njo anayeamka kwanza kila asubuhi kwenda kutazama kama bidon inadondosha, hata wiki hizi ambapo kizimba ni kitupu. Tulimuuliza kwa nini. Akajibu: “Sitaki majani ikauke mbele mwengine haiyakuya.”

Anayepinga maneno haya aandike, kurasa za bulletin ziko wazi.

Ni sisi,
Doyen wa wanafunzi, finalisti, bio-chimie